Jiwe na Samaki: Mhadhara Juu ya Bahari ya Kale



Nilipoalikwa kusema mbele yenu habari za viumbe wa kale wa baharini, sikuwa na shaka ya kuwa wengi wenu mngekuja kusikia habari za samaki mmoja tu, naye ni yule ambaye wavuvi wa Komoro humwita gombessa, na ambaye magazeti ya ulimwengu, tangu alipopatikana, hayajachoka kumwandika kuwa ni mfu aliyefufuka. Samaki huyo nitamfikia, inshallah, wala sitamfanyia choyo. Lakini kwanza nataka kumtetea mwenzake asiyeandikwa magazetini, ambaye aghalabu hazidi milimita chache kwa upana, asiye na jicho wala pezi wala uti, na ambaye kwa maoni yangu ni ajabu kubwa kuliko gombessa. Maana lau si kazi yake, wengi wetu tuliokaa ukumbini humu tusingekuwa na mji wa kuzaliwa. Nakusudia yule kidudu ajengaye matumbawe.

Mtu akisimama Mombasa penye Ngome ya Yesu, akalitazama handaki lililochimbwa kuizunguka, ataona ya kwamba Wareno, walioanza kuijenga mwaka 1593 kwa ramani ya Mtaliana Giovanni Battista Cairati, hawakuleta msingi kutoka kokote bali waliukuta. Ukuta umepandishwa juu ya mwamba, handaki limechongwa ndani ya mwamba uo huo, na mwamba wenyewe ni matumbawe yaliyokuwa hai zama ambazo bahari ilisimama juu kuliko ilivyo leo. Na mara ya mwisho bahari kusimama juu kiasi hicho ilikuwa yapata miaka 125,000 iliyopita. Kadhalika ndivyo ilivyo Kilwa Kisiwani, ndivyo ilivyo upande wa mashariki wa Unguja, ambako mkulima akipiga jembe hulisikia likilia juu ya jiwe. Tumezoea kusema kwamba pwani yetu imepakana na bahari, ilhali kwa hakika sehemu kubwa ya pwani hii ni bahari yenyewe ya zamani, iliyokauka ikabaki imesimama.

Wazee wetu walilijua jiwe hili kwa namna mbili, na tofauti baina ya namna hizo walikuwa nayo mikononi kabla mtaalamu yeyote hajaiandika. Liko jiwe la kuchimba bara, gumu, la kujengea kuta. Na liko tumbawe bichi, lililokatwa chini ya maji lingali hai, ambalo huwa laini maadamu lina unyevu, likakubali tezo na kisu, kisha likipigwa na upepo hushupaa. Hilo la pili ndilo walilolichagua kwa nakshi. Nendeni Kizimkazi, kusini mwa Unguja, mkaitazame kibla ya msikiti wa Dimbani, ambapo maandishi ya Kikufi yamechongwa pamoja na tarehe ya mwaka 500 wa Hijra, yaani 1107 kwa hesabu ya Miladi. Mkilisogelea tumbawe la namna hiyo mahali palipokatwa pakabaki bila kupakwa kitu, mtaona uso wake wote umejaa vitundu vidogo vidogo vilivyopangana, kila kimoja chenye upana wa milimita moja hivi. Kila kitundu kilikuwa nyumba ya kiumbe. Na kwa kuwa tumbawe la aina hiyo, ambalo wataalamu huliita Porites, hukua kwa sentimita moja au zaidi kidogo kwa mwaka, jiwe la urefu wa dhiraa moja, ambalo fundi alilichonga pengine kwa siku chache, lilikuwa kazi ya vidudu ya miaka kiasi cha 40. Hata chokaa iliyoyashikanisha mawe haikutoka pengine: matumbawe yalipangwa juu ya magogo, yakachomwa mpaka yakageuka unga mweupe, yakatiwa maji. Nyumba ya mawe ya Mswahili, ukitoa boriti na milango, ilikuwa mwamba uliohamishwa.

Sasa kidudu mwenyewe ni nani? Ni wa ukoo mmoja na yavuyavu anayewawasha waogeleaji, ila yeye ameacha kuelea, akakaa mahali pamoja, akajizungushia chini na kando ukuta wa chokaa anayoichuja katika maji ya chumvi. Usiku hutoa vikono vyake na kudaka vijiumbe vipitavyo. Lakini riziki yake kubwa haitoki huko. Ndani ya nyama yake humo huishi mwani mdogo usioonekana kwa macho matupu, nao hulitwaa jua linalopenya maji na kulifanya sukari, ambayo sehemu yake kubwa humpa mwenyeji wake. Naye mwenyeji huupa mwani makazi na mbolea. Kwa mapatano hayo hujenga upesi kiasi cha kushindana na mawimbi yanayobomoa. Na kwa mapatano hayo hayo amefungwa: hawezi kujenga mwamba mahali palipo na giza, kwa hiyo hashuki sana kupita pima 25 au 30, hawezi kustahimili matope yanayoziba jua, wala maji yakizidi joto kwa daraja moja au mbili juu ya desturi yake, kwa wiki kadhaa mfululizo, mapatano hayadumu. Nawaombeni mlishike jambo hili, maana ndilo litakalotupeleka hadi mwisho wa mazungumzo.

Iko habari moja ya matumbawe ambayo, kila nikiikumbuka, huniacha na mshangao. Mwaka 1963 John Wells, mwalimu wa Chuo Kikuu cha Cornell huko Marekani, aliyachukua matumbawe yaliyogeuka mawe tangu enzi ambayo wataalamu huiita Devonia, yaani zaidi ya miaka milioni 360 iliyopita, akaitazama mistari midogo iliyomo katika ngozi zao za chokaa. Tumbawe hutia mstari mmoja mwembamba kwa kila siku, na kwa mwaka mzima mistari hiyo hukusanyika katika pingili. Katika matumbawe ya siku zetu mtu akihesabu hupata karibu mistari 360 kwa kila pingili, kama ipasavyo. Wells alipohesabu ile ya kale alipata yapata 400. Mwaka haukuwa mrefu zaidi, kwani dunia ilichukua muda ule ule kulizunguka jua. Basi ni siku zilizokuwa fupi, kila moja ya saa 22 hivi. Na sababu yake haiko mbali na maisha ya mtu wa pwani: ni maji kujaa na kupwa. Mwezi huivuta bahari, na bahari, kwa kuvutwa juu ya dunia inayozunguka chini yake, huuchelewesha mzunguko huo kidogo kidogo, kwa kipimo kisichohisiwa na binadamu yeyote katika aushi yake. Wanajimu walikuwa wameyakadiria hayo kwa hesabu. Kidudu asiye na jicho alikuwa ameyaandika.

Lakini nisimpendelee kupita haki. Matumbawe yale aliyoyahesabu Wells si mababu wa haya yaliyoko Chumbe au Malindi. Yapata miaka milioni 252 iliyopita ulipita msiba ambao haujapata mfano, ukafuta aina nyingi mno za viumbe wa baharini, na matumbawe ya kale yote yakaingia humo yasitoke. Dahari ndefu ikapita bahari haina mwamba unaostahili jina hilo. Kisha wakatokea wajenzi wapya, watu wa ukoo mwingine, na hao ndio tulio nao. Kwa hiyo akisimama mwenye kumtetea gombessa akaniambia ya kuwa ukoo wa samaki wake umeanza zaidi ya miaka milioni 400 iliyopita, ukavuka msiba ule na mingine, sina jibu ila kukubali. Nitasema tu kwamba kudumu ni namna moja ya ajabu, na kujenga ni nyingine.

Na tukitaka kuona namna ya kujenga, hatuna haja ya kwenda mbali. Charles Darwin, katika kitabu alichokitoa mwaka 1842, alieleza ya kwamba kisiwa cha volkano kinapozeeka huzama polepole, na matumbawe yaliyokizunguka, kwa kulifuata jua, hupanda kadiri kisiwa kinavyoshuka. Hapo kwanza mwamba huwa umeshikamana na ufuo, baadaye hutengwa nao kwa maji, na mwisho kisiwa hutoweka ikabaki pete. Aliyawaza hayo pwani ya magharibi ya Amerika ya Kusini, kabla hajauona mwamba wa matumbawe kwa macho yake, jambo linalowaudhi wanaodhani elimu ni kutazama tu. Zaidi ya miaka 100 ilipita mpaka Wamarekani walipotoboa kisiwa cha Enewetak katika Pasifiki, mwaka 1952, wakashuka zaidi ya mita 1,200 ndani ya chokaa tupu kabla ya kugonga jiwe la volkano. Nasi tunayo Komoro. Ngazidja ni kijana, mlima wake Karthala ungali unatema moto, na matumbawe yake ni machache, yameng'ang'ania ukingoni. Maore ni mzee, amekwisha kuzama sehemu, na mwamba wake umemzunguka kwa mbali, baina yao maji matulivu ambamo jahazi hupita. Msafiri wa kawaida anayekwenda kutoka kisiwa kimoja hadi kingine huwa ameipita hatua ya kwanza na ya pili ya maelezo ya Darwin bila kukifungua kitabu chake.

Bahari nayo haikukaa mahali pamoja. Yapata miaka 20,000 iliyopita, maji mengi ya dunia yalipokuwa yamefungika katika barafu za kaskazini na kusini, ilikuwa chini ya hii ya leo kwa mita 120 hivi, na mtu angeweza kwenda Unguja kutoka mrima kwa miguu. Pemba hakuna aliyekwenda kwa miguu, kwa sababu mkondo wake ni wa kina kikubwa mno. Ndiyo sababu Unguja ilikuwa na chui wake, na Pemba haikupata kuwa naye, ingawa ina popo wake wasiopatikana pengine. Nayataja haya kwa kupita tu, wapate kitu cha kutaniana Waunguja na Wapemba waliomo humu.

Sasa nitimize ahadi. Ukoo wa gombessa ulijulikana kwa wataalamu ndani ya mawe kabla ya kujulikana ndani ya maji. Mswisi Louis Agassiz aliupa jina la kitaalamu mwaka 1839, na alama zake zimeokotwa katika nchi nyingi, Bukini ikiwa mojawapo. Lakini katika mawe yaliyofuata baada ya kutoweka kwa dinosau, miaka milioni 66 iliyopita, hazikuonekana tena, ikahukumiwa kwamba umekwisha. Kisha tarehe 22 Disemba 1938 Marjorie Courtenay-Latimer, aliyekuwa akisimamia makumbusho madogo ya East London katika Afrika Kusini, aliitwa bandarini kutazama samaki waliovuliwa na Nahodha Hendrik Goosen karibu na mdomo wa mto Chalumna, na chini ya fungu la papa na makapi akaona pezi la rangi ya samawati. Samaki alikuwa na urefu wa mita moja na nusu, magamba magumu, na mapezi yaliyoota juu ya vigutu vya nyama. Bibi huyo hakuwa na barafu wala dawa za kutosha kumhifadhi. Ngozi ikaokolewa, matumbo yakatupwa. J. L. B. Smith, mwalimu wa kemia wa Grahamstown aliyependa samaki kuliko kemia, alipouona mchoro aliouchora bibi huyo alimtambua samaki, naye akampa samaki jina la bibi na la mto.

Smith aliutumia muda wa miaka 14 kumtafuta wa pili. Alichapisha karatasi yenye picha na ahadi ya zawadi ya pauni 100, akaieneza katika pwani ya Afrika ya Mashariki. Ilikuwa imeandikwa kwa Kiingereza, Kifaransa na Kireno. Kwa Kiswahili haikuandikwa, wala kwa Kingazidja, yaani kwa lugha za watu ambao ndoana zao ndizo zilizokuwa zikimfikia samaki huyo. Na mimi huona kwamba sehemu ya miaka ile 14 ilipotea katika kosa hilo. Maana wavuvi wa Komoro, wanaoshusha kamba zao usiku kutoka ngalawani penye kina kirefu wakiwinda samaki waitwaye nesa, walikuwa wakimpata gombessa mara kwa mara, wala hawakumfurahia, kwa kuwa nyama yake imejaa mafuta na humharisha alaye. Mwezi wa Disemba 1952 mvuvi Ahamadi Abdallah wa Domoni, katika kisiwa cha Nzwani, alimvua mmoja, akampeleka sokoni. Mwalimu wa shule aliyekuwapo akakumbuka picha aliyoiona. Samaki akachukuliwa kuvuka milima mpaka Mutsamudu, akapewa Nahodha Eric Hunt, Mwingereza aliyefanya biashara baina ya Unguja na Komoro na ambaye Smith na mkewe walikuwa wamekwisha kumpa habari; Hunt akamtia chumvi, akamtafutia dawa, akapeleka simu. Waziri Mkuu wa Afrika Kusini, D. F. Malan, akatoa ndege ya jeshi, na Smith akafika akalia mbele ya samaki. Katika vitabu vingi mpango huo huitwa ugunduzi. Ahamadi Abdallah, nadhani, angeuita kwa jina jingine.

Hadi mwaka 1987 hapakuwa na mtu aliyemwona gombessa akiishi kwake. Mwaka huo Mjerumani Hans Fricke na wenzake walishuka katika chombo chao kidogo nje ya Ngazidja, wakamkuta penye kina kirefu, na katika safari zilizofuata wakaona kwamba hushinda mchana ndani ya mapango ya volkano pamoja na wenzake bila kugombana, na usiku hutoka kutafuta riziki kwa kujiachia na mkondo. Waliotarajia kumwona akitembea juu ya mchanga kwa mapezi yake walivunjika moyo, kwani hatembei. Ila huyapeleka mapezi kwa zamu, la mbele la kulia pamoja na la nyuma la kushoto, kisha la kushoto na la kulia, kama mnyama wa miguu minne anavyopeleka miguu. Mara nyingine husimama kichwa chini mkia juu, akakaa hivyo. Uti wake si mifupa bali ni mrija uliojaa mafuta. Mayai yake hukaa tumboni mpaka yaanguliwe humo: jike mmoja aliyevuliwa Msumbiji mwaka 1991 alikuwa na watoto 26. Watafiti waliosoma pete za magamba yake, mwaka 2021, walikadiria kwamba aweza kuishi kiasi cha miaka 100, na mimba yake huchukua miaka mitano. Mabibi na mabwana, mnyama anayebeba mimba miaka mitano hakuumbwa kwa kushindana na wavu.

Narudi kwenye jiwe kwa haja maalumu. Katika hifadhi ya bahari ya Malindi, iliyowekwa mwaka 1968, kuna matumbawe makubwa ya Porites yenye umri wa karne na zaidi, na wataalamu wameyatoboa kwa uangalifu wakatoa vipande virefu vyembamba. Katika kipande kimoja, habari zake zikitangazwa mwaka 2000, walisoma joto la maji ya Malindi tangu mwaka 1801 hadi 1994, wakaona kwamba lilikuwa likipanda na kushuka kwa kufuatana na mabadiliko ya Pasifiki, bahari ambayo Mmalindi hajapata kuiona. Katika tumbawe jingine, lenye umri wa miaka 300 hivi, walitafuta madini ya bariamu, ambayo huletwa baharini na udongo wa mito. Kwa miaka mingi udongo ulikuwa mchache. Mwanzoni mwa karne ya 20 ukaanza kuongezeka, yaani pale ardhi za bara zilipogawiwa walowezi, misitu ikakatwa, wenyeji na mifugo yao wakabanwa katika sehemu ndogo, na mvua ikawa inaukuta udongo uchi na kuuteremsha kwa mto Athi, ambao ukifika kwetu huitwa Sabaki. Ziko daftari nyingi za utawala ule, zenye mihuri na sahihi. Hili la Malindi halikutiwa sahihi na mtu, nami naliamini zaidi.

Mwaka 1998 kati ya miezi ya Machi na Mei bahari yetu ilizidi joto, na lile sharti nililowaombeni mlishike likavunjika. Tumbawe lililochemka huutoa mwani wake, na kwa kuwa sehemu kubwa ya rangi yake ni ya mwani, hubaki jeupe. Likikaa hivyo muda mrefu hufa kwa njaa. Kutoka Kiunga mpaka Mafia miamba ilipauka, na pengi katika Kenya sehemu kubwa ya matumbawe hai ilikufa msimu ule ule. Baadhi yake yamerudi, hasa mahali ambapo uvuvi umezuiwa na maji ni safi, kisha joto likapanda tena mwaka 2016. Mahali ambapo baruti ilikuwa imekwisha kuyapasua matumbawe, kama ilivyokuwa kwa miaka mingi katika maji ya Tanga, kilichobaki ni kokoto zinazobingirika, na juu ya kokoto zinazobingirika kidudu mchanga hawezi kuanza ujenzi.

Ni huko huko Tanga ambako jiwe na samaki wamekutana. Gombessa wa kwanza wa Tanzania alivuliwa karibu na Songo Mnara mwaka 2003, na tangu mwaka uliofuata wengi wamenaswa nje ya Tanga, hasa karibu na Kigombe, katika majarife ya papa yanayotegwa penye kina. Ukoo uliovuka misiba mingi ya dunia, na ambao leo hukaa mbali na jua, ulifikiwa na wavu wa nailoni. Wapo wanaosema kwamba wavuvi walisogea kwenye kina kwa sababu miamba ya karibu ilikwisha kuharibika na samaki wake kupungua, nami nakubaliana nao. Hifadhi iliyotangazwa huko mwaka 2009 kwa ajili ya gombessa imechukua ndani yake matumbawe, mikoko na maji ya vijiji. Na afisa atakayemkataza mvuvi wa Kigombe kutega jarife lake kule chini itampasa amwonyeshe, kabla mashua haijatweka, ni mwamba upi wa karibu ambao bado una changu na tasi wa kutosha kumrudishia gharama ya safari.